Robert Serumaga, Mwandishi Aliyeyatoa Maneno Jukwaani

Mwaka huu chama kiliniomba niandike maisha ya mtu mashuhuri aliyekwisha kufa, na wenzangu wakaanza kunitajia majina: andika Shaaban Robert, andika Mekatilili, andika Koitalel. Hao wote ni majagina, lakini wameandikwa mpaka kalamu zimechoka. Mimi nimemchagua Mganda mmoja aitwaye Robert Serumaga. Ukiwauliza wanafunzi kumi hapa Chepkoilel habari zake, huenda tisa wakakwambia hawajapata kulisikia jina hilo. Na ajabu ni kwamba alifia papa hapa Kenya, jijini Nairobi, na malori yanayokwenda kwao Uganda yanapita Eldoret usiku na mchana.

Serumaga alikuwa mtu wa kazi nne kwa wakati mmoja. Aliandika mchezo, akatafuta njia ya kuugharimia, akawafundisha waigizaji na kuwaelekeza, na mara nyingine akapanda jukwaani mwenyewe akaigiza. Watu wa aina hiyo si wengi. Wapenzi wa filamu watamkumbuka Akira Kurosawa wa Japani, ambaye aliandika filamu zake, akazielekeza, na mwaka wa 1959 akaanzisha kampuni yake mwenyewe ya kuzitengeneza. Serumaga hakuwa na kamera. Yeye alikuwa na jukwaa, ngoma na vijana wachache waliomwamini. Lakini Kurosawa alifanya kazi zake nyingi katika nchi iliyokuwa na amani, na Serumaga alifanya kazi zake kubwa chini ya Idi Amin. Hiyo ndiyo tofauti iliyonifanya nimwandike.

Alizaliwa mwaka wa 1939 huko Buganda, wakati Uganda ilikuwa bado chini ya Waingereza. Alikuwa na kichwa kizuri cha masomo, na masomo hayo yakamfikisha mpaka Ireland, katika chuo cha Trinity kilichoko Dublin. Mnadhani alisomea nini? Uchumi! Alimaliza shahada yake ya pili mwaka wa 1965. Mzazi yeyote wa kwetu angetazamia mtoto kama huyo arudi nyumbani aingie benki au wizarani, avae tai, ajenge nyumba ya mawe. Lakini Dublin ni mji wa watu wanaopenda michezo ya kuigiza, na katika chuo hicho hicho alikuwa amesoma zamani Samuel Beckett, yule aliyeandika mchezo wa watu wawili wanaomngoja mtu ambaye haji. Miaka ile michezo ya namna hiyo ilivuma sana Ulaya. Ni michezo ambayo haina kisa kilichonyooka, watu wanazunguka na maneno yao, na mtazamaji anatoka akijikuna kichwa. Serumaga aliipenda, na ukisoma tamthilia zake za mwanzo utaona harufu yake.

Kabla ya kutulia nyumbani alifanya kazi ya redio mjini London, akiwahoji waandishi wa Kiafrika. Mwaka wa 1967 alimhoji Chinua Achebe mwenyewe. Ninaitaja kazi hii kwa sababu mtu anayekaa mbele ya kipaza sauti na kuwasikiliza mabingwa wakieleza kazi zao anajifunza mengi ambayo darasani hayapo.

Mwaka huo huo wa 1967 ikatokea tamthilia yake ya kwanza, ambayo aliipa jina rahisi kuliko yote, A Play, yaani mchezo tu. Ni hadithi ya mwanamume anayesumbuliwa na kumbukumbu ya mke wake aliyeuawa. Mwaka wa 1970 akaleta The Elephants, juu ya kijana mkimbizi na rafiki yake anayemficha ukweli kuhusu wazazi wake, akidhani anamwonea huruma. Wakati huo alikuwa ameanzisha kikundi cha maigizo alichokiita Theatre Limited. Tazameni jina hilo, ni jina la kampuni kabisa. Hapo ndipo ule uchumi wa Dublin ulipojitokeza. Serumaga hakutaka uigizaji uwe kazi ya jioni ya watu waliochoka ofisini. Alitaka uwe kazi yenye mshahara, kama udaktari au ufundi. Uganda ilikuwa na Jumba la Maigizo la Taifa pale Kampala tangu 1959, lakini kwa miaka mingi wazungu na Wahindi ndio waliolitumia zaidi. Waafrika walikuwa wanaanza kuingia kwa nguvu wakati huu.

Katikati ya tamthilia hizo mbili aliandika riwaya moja, Return to the Shadows, iliyotolewa mwaka wa 1969. Hebu niwaambie jambo la kufurahisha juu ya riwaya hii. Inatokea katika nchi ya kubuni inayoitwa Adnagu. Sasa chukua kalamu, uliandike jina hilo kutoka nyuma kwenda mbele. Umeona? Riwaya inamhusu mtu msomi anayelazimika kuikimbia nyumba yake kwa sababu jeshi limepindua serikali na askari wanafanya wanavyotaka. Iliandikwa kabla Amin hajachukua nchi! Sisemi Serumaga alikuwa mtabiri. Mwaka wa 1966 serikali ya Obote ilituma jeshi kulivamia jumba la Kabaka kule Mengo, na Kabaka akakimbilia Uingereza. Mtu mwenye macho angeweza kuona kwamba bunduki ikishaonja siasa haitarudi kambini hivi hivi. Serumaga alikuwa na macho.

Tarehe 25 Januari 1971, Obote akiwa Singapore kwenye mkutano wa Jumuiya ya Madola, Amin alinyakua serikali. Siku zile watu wengi wa Buganda walishangilia barabarani. Hawakujua kilichokuwa kinakuja.

Mwaka huo ndio Serumaga alioandika Majangwa, na mimi nadhani hii ndiyo tamthilia yake bora kati ya zile zinazosomeka. Majangwa ni mpiga ngoma. Zamani alikuwa hodari kwelikweli, akiipiga ngoma watu wanaacha shughuli zao wanakuja. Yeye na mke wake Nakirijja walikuwa wakizunguka na kutumbuiza. Lakini kidogo kidogo watu wakachoka na ngoma peke yake. Wakataka kitu kikali zaidi, na kesho yake kikali kuliko cha jana, mpaka wale wawili wakajikuta wanauza aibu yao wenyewe mbele ya wapita njia kwa senti kidogo. (Mengine siwezi kuyaandika hapa, mwalimu mlezi anasoma kila ukurasa.) Tunapokutana nao ni usiku, wako kando ya barabara, wanagombana, wanakumbushana ya kale, wanatania, wanalia. Kisha watu wasiojulikana wanaleta maiti na kuitupa pale pale walipo, wanaondoka.

Nilipofika hapo nilikifunga kitabu kwanza. Katika miaka iliyofuata, kutupa maiti usiku likawa jambo la kawaida Uganda. Msitu wa Namanve, karibu na Kampala, ulijulikana kwa hilo. Watu walichukuliwa mchana, wakatiwa katika buti la gari, wasionekane tena. Wataalamu wa fasihi wanaweza kubishana juu ya maana ya Majangwa. Kwa maoni yangu anauliza swali kali sana juu ya msanii mwenyewe: ukiwapa watu kila wanachotaka ili upate kula, mwisho utabaki na nini cha kwako? Na swali hilo halikupita mbali na Serumaga, kama tutakavyoona.

Sasa tufike kwenye jambo kubwa. Fikiria wewe ni mwandishi katika nchi ambayo sentensi moja inaweza kukupeleka kaburini. Unaweza kunyamaza, unaweza kukimbia, au unaweza kumsifu mkubwa. Wengi walifanya moja kati ya hayo matatu, na siwalaumu, uhai ni uhai. Serumaga akatafuta la nne. Aliyaondoa maneno jukwaani.

Alikusanya vijana, wengi wakiwa wametoka shule tu, akaanzisha kundi jipya akaliita Abafumi. Kwa Kiganda neno hilo ni wasimulizi wa hadithi. Vijana hao hawakupewa karatasi za kukariri kama tunavyopewa sisi kwenye mashindano ya drama. Walifundishwa mwili. Walifanya mazoezi mazito ya viungo, ya pumzi na ya sauti, wakajifunza ngoma na nyimbo za makabila mbalimbali ya Uganda, hata za watu ambao si wao. Nadhani mwanariadha wa Iten angewaelewa vizuri zaidi kuliko mwigizaji wa kawaida. Alitaka mgongo wa mwigizaji useme huzuni bila mdomo kufunguka.

Kutokana na mafunzo hayo ukazaliwa mchezo wa Renga Moi, mwaka wa 1972. Sisi wa kidato cha tatu tumefundishwa visakale, mighani na miviga, na tunaziona kama mada za mtihani tu. Basi Serumaga alivichukua vitu hivyo hivyo akavitembeza duniani. Kisa chenyewe ni kisakale cha Waacholi. Renga Moi ni shujaa wa kijiji cha vilima saba. Mke wake amejifungua mapacha, na mapacha wana miviga yao. Mpaka miviga hiyo ikamilike, baba haruhusiwi kumwaga damu. Hapo hapo adui anakivamia kijiji. Afanyeje? Akikaa nyumbani, kijiji kitateketea. Akienda vitani, atavunja mwiko na hatari itawafuata watoto. Anakwenda. Anapigana, anashinda. Lakini akiwa huko, maafa yanakishika kijiji, na wale aliokwenda kuwaokoa wanawatoa watoto wake wawili kuwa kafara. Anarudi na ushindi wake, anakuta hivyo.

Kisa hiki kilichezwa kwa ngoma, nyimbo, vilio na miili inayoruka na kuanguka. Maneno yalikuwa machache, tena katika lugha kadhaa za Uganda zilizochanganywa, kwa hiyo hakuna mtu katika ukumbi ambaye angeyashika yote. Na bado watu walielewa.

Hebu sasa mfikirie yule askari wa siri aliyetumwa kuutazama mchezo na kuandika ripoti. Angeandika nini? Ati waliruka? Ati mama alilia? Hakuna mstari wa kunukuu, hakuna jina la mkubwa, hakuna tusi. Ni hadithi ya zamani ya kabila fulani. Lakini mama wa Kampala ambaye mwanawe alichukuliwa wiki iliyopita, akiona jukwaani watoto wanatolewa kafara ili wakubwa wapone, hahitaji kuelezwa na mwalimu. Hii ni fasihi simulizi ikifanya kazi yake ya tangu zamani. Mababu zetu walimsema mfalme kwa kumsema fisi.

Abafumi walialikwa nchi nyingi. Mwaka wa 1975 walicheza Renga Moi katika ukumbi wa Aldwych mjini London, katika msimu ambao ulikuwa ukiwaleta pamoja wasanii wa dunia nzima. Fikiria vijana waliotoka shule za Uganda juzi, wamesimama kwenye jukwaa moja na mabingwa wa Ulaya! Baada ya Renga Moi, Serumaga alitengeneza Amarykiti, mwaka wa 1974, jina la ule mti wenye maua mekundu kama moto. Huo nao ulitegemea mwili kuliko ulimi, hata zaidi ya wa kwanza.

Lakini maisha ya mtu si sifa tupu. Kundi hilo lilisafiri likiwa na jina la Uganda, na Amin alipenda sana kuonekana mbele ya mataifa kama kiongozi anayejali utamaduni. Kila wazungu walipowapigia makofi Abafumi, Amin naye alipata sehemu yake ya makofi. Wapo waliomlaumu Serumaga kwa hilo. Walisema anaipamba nyumba inayonuka damu. Wengine waliona kwamba mchezo usio na maneno ni rahisi kumwogopa mtu huku ukijifanya unamsema. Mimi nimefikiri sana juu ya lawama hizi. Siwezi kusema hazina msingi. Serumaga aliyajua haya vizuri, kwani ndiye aliyemwandika Majangwa anayejiuza kwa wapita njia. Hata hivyo naona kwamba mtu aliyebaki ndani ya nchi akafundisha vijana kazi, akawaonyesha watu huzuni yao wenyewe, hakukaa bure. Wewe msomaji una haki ya kunipinga.

Kilichotokea mwaka wa 1977 kinaonyesha kwamba hofu haikuwa mchezo. Mkurugenzi wa Jumba la Maigizo la Taifa alikuwa Byron Kawadwa, mwandishi na mwelekezi ambaye yeye aliandika kwa Kiganda, maneno wazi ambayo kila muuza ndizi sokoni aliyasikia. Tamthilia yake ya muziki, Oluyimba lwa Wankoko, yaani wimbo wa Jogoo, ilihusu njama za kunyakua kiti cha utawala. Mwanzoni mwa 1977 aliipeleka kwenye tamasha kubwa la sanaa za watu weusi mjini Lagos. Ni tamasha lile lile ambalo Kenya ilipeleka Betrayal in the City ya Francis Imbuga na The Trial of Dedan Kimathi ya Ngũgĩ wa Thiong'o na Mĩcere Mũgo. Wakenya walirudi kwao. Kawadwa aliporudi Kampala, watu wa Amin walimchukua pale pale kwenye jumba la maigizo, na akauawa. Mwezi wa Februari mwaka huo huo aliuawa pia Askofu Mkuu Janani Luwum.

Nikiwalinganisha wawili hawa moyo unakuwa mzito. Mmoja alisema kwa maneno ya watu wake, akafa. Mwingine aliyaficha maneno, akaishi miaka michache zaidi. Nani alifanya vizuri? Tulibishana juu ya swali hili kwenye mkutano wa chama mpaka kengele ikalia, na sisi wa shule ya kutwa kengele ya jioni hatuchezi nayo, matatu hazingoji.

Serumaga naye aliondoka Uganda, akaja Nairobi. Hapo akabadilika. Mtu aliyekuwa akizungumza kwa ishara akaingia katika siasa za wazi za kumwondoa Amin. Amin mwenyewe alijichimbia shimo mwezi wa Oktoba 1978, alipolituma jeshi lake kuvamia Kagera, nchini Tanzania. Mwalimu Nyerere akajibu kwa vita. Mwezi wa Machi 1979 Waganda waliokuwa uhamishoni walikutana Moshi kupanga serikali itakayofuata, na tarehe 11 Aprili Kampala ikaanguka. Profesa Yusuf Lule akaapishwa kuwa rais, na katika baraza lake Robert Serumaga akawa Waziri wa Biashara. Hatimaye ule uchumi wa Dublin ukapata ofisi yake!

Furaha hiyo haikudumu. Lule alitawala siku 68 tu. Tarehe 20 Juni 1979 aliondolewa madarakani na wenzake, na Godfrey Binaisa akachukua nafasi yake. Serumaga alikuwa upande wa Lule, kwa hiyo alirudi tena uhamishoni Nairobi, mara hii akiikimbia serikali ambayo alisaidia kuizaa. Nchi ilikuwa inaelekea uchaguzi wa Desemba 1980, ambao ulimrudisha Obote. Serumaga hakuuona. Alifariki Nairobi mwezi wa Septemba 1980, akiwa na umri wa miaka 41 hivi. Hakuwa ameandika tamthilia ya kuonyesha aliyoyaona ndani ya serikali, na hilo ndilo linalonisikitisha zaidi, kwa sababu waandishi waliokaa kwenye viti vya mawaziri ni wa kuhesabu kwa vidole.

Mkitaka kumsoma, riwaya yake ipo, na The Elephants na Majangwa zilichapishwa huku kwetu Nairobi miaka ya 1970. Zote ni za Kiingereza, na mwanafunzi wa kidato cha tatu anaweza kuzielewa akiwa na kamusi na subira. Renga Moi na Amarykiti ni jambo jingine. Kwa kuwa zilikaa ndani ya miili ya waigizaji, hakuna kitabu ambacho unaweza kukifungua ukazikuta humo kama zilivyochezwa. Kinachobaki ni maelezo ya waliotazama. Kile kilichozilinda na askari wa Amin ndicho kilichotunyima sisi. Kuna mwalimu mmoja mstaafu hapa jirani ambaye alikuwa Kampala ujanani mwake. Alituonyesha jinsi wale waigizaji walivyotembea wakiwa wamebeba watoto ambao hawapo, mikono mitupu, na hakusema neno.